La Jetée: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Ndoto, Kumbukumbu na Mtu Asiye na Jina

Filamu hii fupi ya dakika 28, iliyotengenezwa na Mfaransa Chris Marker mwaka 1962, nimeionyesha mara nyingi kwa wanafunzi na kwa majirani, katika chumba ambacho madirisha yake tuliyafunika kwa shuka ili kupata giza, na kila mara taa zilipowashwa maswali yalikuwa yaleyale. Nimeyakusanya hapa pamoja na majibu ninayoyaamini. Majibu hayo yanaeleza kisa chote, hata mwisho wake. Kwa hiyo asiyependa kuujua mwisho kabla ya wakati aitazame filamu kwanza, kisha arudi.

Filamu hii inasimulia nini?

Vita vya Tatu vya Dunia vimeiteketeza Paris. Walionusurika wanaishi chini ya ardhi, katika mahandaki yaliyo chini ya jumba la Chaillot, kwa sababu huko juu kumejaa mionzi ya nyuklia. Washindi wanawafanyia mateka majaribio, wakitaka kumtuma mtu katika wakati mwingine akaombe chakula, dawa na nishati kwa ajili ya watu wa leo. Mateka wa kwanza wanakufa au wanarukwa na akili, maana kuzaliwa upya ukiwa mtu mzima, katika wakati usio wako, ni mshtuko usiobebeka. Ndipo anapochaguliwa mtu mmoja ambaye tangu utotoni hajaachana na picha moja: uso wa mwanamke aliyesimama kwenye gati la kutazamia ndege katika Uwanja wa Ndege wa Orly, Paris, ambako wazazi wake walimpeleka Jumapili moja, na muda mfupi baada ya kuuona uso ule aliona mtu akianguka na kufa.

Kwa nguvu ya picha hiyo anafaulu kurudi zamani. Anampata mwanamke yule, wanatembea bustanini, wanapendana bila kuulizana mengi. Watesi wake wakisharidhika kwamba akili yake inastahimili, wanamtuma mbele, katika wakati ujao, anakopewa chanzo cha nishati kitakachofufua viwanda vyote vya binadamu. Akirudi, anajua kwamba kazi yake imekwisha na kwamba atauawa. Watu wa wakati ujao wanajitolea kumchukua akaishi nao, naye anawaomba kitu kingine: wamrudishe kwenye gati la Orly, siku ile ya utoto wake.

Kwa nini picha hazitembei?

Marker aliitengeneza filamu hii karibu yote kwa picha mnato, na katika maandishi ya mwanzo aliiita riwaya ya picha, jina ambalo Wafaransa walilitumia kwa vijarida vya hadithi zilizosimuliwa kwa picha zenye maneno. Waliokulia Afrika Mashariki na majarida ya aina hiyo miaka ya 1960 na 1970 wataitambua mara moja. Alizipiga kwa kamera ya kawaida ya Pentax, wakati wa mapumziko ya kazi nyingine kubwa aliyokuwa akiifanya Paris mwaka huohuo, na baadaye alieleza kwamba alikuwa akipiga picha za kisa ambacho yeye mwenyewe hakukielewa sawasawa, hadi vipande vilipokuja kuungana mezani wakati wa uhariri.

Hata hivyo, mtu akikuambia kwamba picha mnato zilitumika kwa sababu ya uhaba wa fedha tu, usimkubalie haraka. Jaribu kuikumbuka siku moja ya utoto wako. Haitakuja kama mkanda unaozunguka tangu asubuhi hadi jioni. Utakuja mkono wa mtu, itakuja kona ya ukuta, itakuja rangi ya kanga iliyoanikwa, na katikati ya vipande hivyo kutakuwa na giza ambalo wewe mwenyewe unalijaza kwa maneno. Ndivyo filamu hii ilivyo: picha, kimya kifupi, sauti ya msimulizi Jean Négroni inayoziba pengo, kisha picha nyingine. Umbo lake ndilo umbo la kukumbuka, na ndiyo sababu watazamaji wengi husahau baada ya dakika chache kwamba hakuna kinachotembea.

Kinatembea kitu kimoja tu. Mwanamke amelala kitandani asubuhi. Tunaonyeshwa uso wake katika picha kadhaa, kila moja ikiyeyukia katika inayofuata, shingo imegeuka kidogo, nywele zimehamia upande wa pili wa mto, na wakati huo milio ya ndege waimbao inazidi kuwa mikali hadi inakaribia kuumiza masikio. Kisha anafumbua macho. Anayapepesa, anatutazama. Ni sekunde chache zilizopigwa kwa kamera ya sinema ya kuazima, na mara tu baada yake picha inakatwa na tunarudishwa kwenye uso wa mtesi ndani ya handaki. Nimeona watu wazima wakishtuka kwenye viti vyao kwa sababu ya kope za mwanamke mmoja. Kwa maoni yangu filamu nzima imejengwa kwa ajili ya sekunde hizo, kwani hapo ndipo kumbukumbu inapoacha kuwa kitu kilichohifadhiwa na kuwa mtu anayeishi.

Je, yule mtu anaota, au anasafiri kweli?

Hili ndilo swali linaloulizwa kuliko yote, nami naona filamu imekataa kwa makusudi kulijibu kwa neno moja. Safari yenyewe haina mashine ya chuma wala taa zinazowaka. Mtu analazwa kwenye kitanda cha kamba kinachobembea, macho yake yanafunikwa kwa vifuniko vyenye nyaya, anachomwa sindano, na tunasikia moyo ukidunda. Kwa mtu aliyesimama pembeni, huyu ni mgonjwa aliyelala. Msimulizi anatuambia mapema kwamba polisi wa kambi walipeleleza hata ndoto za mateka, wakitafuta aliye na uwezo wa kuuona wakati mwingine akilini mwake, maana anayeweza kuuota labda anaweza pia kuuishi. Kile ambacho kwingine kingeitwa ndoto za Alinacha, katika kambi hii kinapekuliwa na kutumikishwa.

Angalia pia jinsi safari inavyoanza. Siku ya kumi ya majaribio picha zinachomoza moja moja, bila mpangilio: asubuhi ya wakati wa amani, chumba cha kulala, watoto, ndege, paka, makaburi. Siku ya kumi na sita yumo kwenye gati, na gati ni tupu. Siku ya thelathini anakutana na mwanamke. Huo si mwendo wa mtu aliyepanda chombo na kufika. Ni mwendo wa mtu anayejaribu kulikumbuka jambo, likamponyoka, akaligusa, likamponyoka tena, hadi likakaa.

Kiswahili kinatupa msaada hapa kwa kuwa tuna ndoto na tuna njozi. Ndoto humjia yeyote aliyelala, na asubuhi huisimulia au huisahau. Njozi ni ono lenye uzito, ambalo mtu hulisadiki na pengine hulifuata hata kwa gharama ya maisha yake. Ninapoulizwa nichague, husema kwamba kinachompata mtu huyu ni njozi, kwa sababu mwishoni anaondoka akaingie ndani yake moja kwa moja.

Kwa nini picha moja ya utotoni iwe na nguvu kiasi hicho?

Mwanasaikolojia Mwingereza Frederic Bartlett alionyesha katika kitabu chake cha mwaka 1932 kwamba mtu anapokumbuka hatoi kitu kizima kutoka ghalani, bali hukijenga upya kila mara kwa vipande alivyo navyo na kwa anayotarajia kuyakuta. Filamu inalijua jambo hili. Msimulizi anasema waziwazi kwamba mtu huyu alijiuliza mara nyingi kama kweli aliuona uso ule, au kama aliubuni ili awe na kitu cha upole cha kushikilia wakati wa wazimu uliokuja baadaye. Tunaanza hadithi, basi, tukiwa na shahidi ambaye hajiamini.

Tena, zingatia kilichobaki na kilichopotea. Jina la mama yake hatulisikii, nyumba aliyokulia hatuioni, vitani alifanya nini hatuelezwi. Vyote hivyo vita vimevichukua, au yeye mwenyewe amevipoteza, na kilichobaki ni uso mmoja. Wengi hudhani kwamba nafsi hupotea mtu anaposahau. Mtu huyu amepotea kwa njia iliyo kinyume chake, kwani analikumbuka jambo moja kwa nguvu kiasi kwamba mengine yote hayana pa kukaa, na wakuu wa kambi wanamchagua kwa sababu hiyohiyo: kumbukumbu yake ni kamba wanayoweza kumfunga nayo na kumshusha kisimani.

Kwa nini hakuna hata mmoja mwenye jina?

Wote hawana: mtu, mwanamke, mkuu wa kambi, watu wa wakati ujao. Mwanamke anapotaka kumtaja mgeni wake anayetokea na kutoweka bila kuaga, anamwita mzuka wake, na anakubali kutokea na kutoweka huko kama mtu anavyozoea hali ya hewa.

Kuna kitu kidogo ambacho watazamaji wengi hawakioni mara ya kwanza. Shingoni mwake mtu huyu ana mkufu wa askari, ule unaovaliwa ili maiti ijulikane ni ya nani, na mwanamke anauulizia. Angemjibu nini? Ni mkufu wa vita ambavyo, kwa mwanamke huyo, havijatokea bado. Anatunga maelezo. Kitu kilichotengenezwa ili kumtambulisha ndicho kinachomlazimisha kudanganya kuhusu yeye ni nani. Kila ninapofika hapo hukumbuka kipande, kile cheti ambacho wanaume Waafrika wa Kenya walilazimishwa na serikali ya kikoloni kukivaa shingoni ndani ya kijaluba cha bati: alama iliyomwambia polisi kila kitu isipokuwa mtu mwenyewe ni nani.

Mwanamke ni nani? Alikuwepo kweli?

Anaigizwa na Hélène Chatelain, na mwanamume anaigizwa na Davos Hanich. Nyuso zao hazina umaarufu uliobebwa kutoka filamu nyingine, jambo linalowafaa sana watu wasio na majina.

Kuhusu kuwepo kwake, nina lawama moja kwa filamu hii ninayoipenda. Hatuisikii sauti yake hata kidogo; anachosema kinapita kinywani mwa msimulizi, na anachofikiri hatukijui. Yeye pia amepokonywa nafsi, kwa kufanywa makazi ya kumbukumbu ya mwanamume. Mwanafunzi mmoja aliwahi kuuliza mbele ya darasa zima kama mwanamke huyu ana maisha yoyote katika zile siku ambazo mzuka wake haji, na sikuwa na jibu la kumpa ila kumrudisha kwenye kitanda cha asubuhi. Pale anapofumbua macho, mwanamume hayumo katika picha, msimulizi amenyamaza, na kwa sekunde chache ni yeye anayetazama. Naamini Marker alilijua deni hilo na akalilipa kwa namna hiyo, ijapokuwa kwa sarafu chache.

Kwa nini kuna sanamu, wanyama waliokaushwa na gogo la mti?

Kwa sababu wapenzi hawa wanaishi ndani ya hifadhi, nao ni sehemu ya vilivyohifadhiwa. Safari ndefu zaidi wanayofanya pamoja, karibu siku ya hamsini, ni kwenye makumbusho yaliyojaa wanyama waliokaushwa, na huko wanacheka na kuonyeshana kwa vidole, wenye furaha kuliko mahali pengine popote. Ukitazama vizuri utaona kwamba wao na wanyama wako katika hali moja, kwa kuwa wote ni picha mnato: twiga aliyekufa na mwanamke anayecheka wametulia sawasawa.

Marker alikuwa ameanza kuliwazia jambo hili zamani. Mwaka 1953, pamoja na Alain Resnais na Ghislain Cloquet, alikamilisha filamu fupi kuhusu sanamu za Kiafrika, kazi iliyoagizwa na jarida la Présence Africaine, na hoja yake ilikuwa kwamba sanamu hufa siku inapotolewa kwa watu wanaoifahamu na kuwekwa kabatini itazamwe na wasioijua. Kwa kuwa iliendelea hadi kuushutumu ukoloni wenyewe, wadhibiti wa Ufaransa waliizuia kwa miaka mingi. Msomaji Mwafrika anayo haki ya kuziunganisha filamu hizi mbili: sanamu zisizo na vichwa zinazopita mbele yetu katika La Jetée zinatoka katika fikra ileile ya kitu kilichobaki baada ya watu wake kutoweka.

Gogo ni la mti wa sekuoya, lenye tarehe za historia zilizoandikwa juu ya miviringo yake. Mwanamume ananyosha kidole nje ya gogo, hewani, mahali ambapo mti haujakua bado, na kusema kwamba anatokea pale. Wapenda sinema watatambua heshima kwa Vertigo ya Alfred Hitchcock ya mwaka 1958, ambamo mwanamke anagusa miviringo iliyo ndani ya gogo na kuonyesha alipozaliwa na alipofia.

Kwa nini watesi wananong'ona kwa Kijerumani?

Mwaka 1962 haukuwa hata miaka 20 tangu Wajerumani waondoke Paris, na kwa mtazamaji Mfaransa minong'ono ile mahandakini ilileta kambi za mateso bila kuhitaji maelezo. Lakini siamini kwamba Marker aliwanyooshea kidole Wajerumani peke yao. Mwaka huohuo, mwezi Machi, vita vya Algeria vilisimamishwa kwa Mapatano ya Evian, na Wafaransa walikuwa wamekwisha kusoma habari za mateso yaliyofanywa na jeshi lao wenyewe. Bomu la kwanza la nyuklia la Ufaransa lilikuwa limelipuliwa Reggane, katika jangwa la Sahara, Februari 1960. Mwezi Oktoba 1962 dunia nzima ilisubiri kwa hofu kuona mgogoro wa makombora ya Cuba ungeishia wapi. Paris iliyobomoka katika filamu hii haikuhitaji ubunifu mwingi.

Jambo jingine dogo ambalo hunigusa: anayeigiza mkuu wa majaribio ni Jacques Ledoux, ambaye katika maisha yake ya kweli alikuwa mhifadhi wa hazina ya filamu ya Ubelgiji, mtu aliyetumia umri wake kuokoa kumbukumbu za wengine zisioze. Si mkatili wa kupiga kelele. Ni mtu wa makamo mwenye sauti ya chini anayekueleza kwa utulivu atakachokufanyia.

Neno “La Jetée” maana yake nini?

Ni gati. Huko Orly lilikuwa baraza refu la wazi ambako watu walisimama kutazama ndege zikiondoka. Kwa anayesikiliza Kifaransa, jina hilo linakaribiana sana na maneno yenye maana ya “hapo nilikuwapo”, na sijui tafsiri ya Kiswahili inayoweza kubeba yote mawili.

Ina uhusiano gani na 12 Monkeys?

Filamu hiyo ndefu ya Terry Gilliam, ya mwaka 1995, ambamo Bruce Willis ndiye mhusika mkuu, ilichukua msingi wake hapa na inakiri hivyo. Ni kazi nzuri kwa njia yake, ila ina mambo mengi. Anayetafuta kisa cha kumbukumbu kilichovuliwa kila kitu kisichohitajika aanze na ya Marker.

Ningependa kutengeneza filamu fupi kwa picha mnato. Nianzie wapi?

Anza na sauti. Andika simulizi, irekodi kwa simu mahali patulivu, isikilize siku mbili tatu bila picha yoyote, na ufute kila sentensi inayoeleza kitu kitakachoonekana. Baada ya hapo ndipo upange picha, na usizipe zote muda sawa: uso ukae, mlango upite. Kuyeyusha picha moja ndani ya nyingine kutumike pale ambapo wakati unasogea kwa upole, na kukata kwa ghafla kutumike pale ambapo mtu anang'olewa mahali alipo. Marker aliweka akiba mwendo wake wote kwa ajili ya tukio moja. Kijana anayeweka muziki na madoido kila mahali hana tena cha kutumia anapofika kwenye jambo lililomfanya aanze kutengeneza filamu.

Mwisho wake unamaanisha nini?

Anafika kwenye gati mchana wa jua kali. Anawaza, kizunguzungu kikimshika, kwamba mahali fulani hapo lazima awepo mtoto ambaye ni yeye, lakini anachokitafuta kwanza ni uso wa mwanamke. Anauona mwishoni mwa gati, anaanza kukimbia. Njiani anamtambua mtu wa kambi aliyemfuata kutoka mahandakini, na anaelewa kwamba wakati hauna mlango wa kutorokea na kwamba dakika ile aliyojaliwa kuiona utotoni, iliyokuwa haiishi kumtesa, ni dakika ya kifo chake mwenyewe.

Aliyekuwa akimtafuta maisha yote, basi, ni yeye. Alibeba kumbukumbu ya kufa kwake kwa miaka mingi akidhani ni ya mtu mwingine, na siku anapoipata nafsi yake iliyopotea anabaki nayo kwa sekunde zisizozidi zile ambazo mwanamke alifumbua macho.

Ukiirudia filamu, angalia picha ya kwanza kabisa. Ni Uwanja wa Orly ukionekana kutoka juu, gati limenyooka, kwaya inaimba, na watu juu yake ni wadogo kiasi kwamba huwezi kusema ni yupi mtoto na ni yupi anayekimbia.